FUNDI ANA HAKI YA KUONA DAFTARI



Katika mitaa ya Mbagala, Tandika, Tandale na Mwananyamala iko desturi ya ujenzi ambayo wengi wetu tunaifahamu. Mtu ana kiwanja kando ya barabara lakini hana fedha. Fundi ana ujuzi na akiba kidogo. Basi hupatana: fundi ajenge vyumba vya maduka kwa gharama yake, mwenye kiwanja akusanye kodi, na kila mwezi wagawane.

Mapatano haya ni mema, maana huwapa watu wetu kazi bila kungoja tajiri wa mbali. Lakini mwaka wa pili maneno hubadilika. Mwenye kiwanja husema wapangaji hawalipi, au chumba kimoja ki kitupu. Fundi akiuliza hesabu huambiwa hana adabu. Ndipo huja katika ofisi ya tawi akauliza: je, naweza kumshitaki mwenye mradi ili atoe hesabu?

Jibu hutegemea mapatano yenu.

Kama mlipatana bei, tuseme shilingi milioni nane kwa kazi nzima, daftari la mwenye nyumba halikuhusu. Apate faida au hasara, wewe unamdai bei yako. Shitaki kwa deni hilo. Ukienda barazani kutaka hesabu, utapoteza siku zako bure.

Lakini kama malipo yako ni fungu la kodi, na kodi yote hupita mkononi mwake, utajuaje unadai kiasi gani? Hapo hesabu ndiyo haki yenyewe. Kama mlikuwa washirika hasa, wa faida na hasara, sheria inawataka washirika wapeane hesabu za kweli. Na hata asiye mshirika hakufungiwa mlango. Sheria yetu ya Mikataba ya mwaka 1961 ilitoka katika ile ya India ya mwaka 1872. Mwaka 1966 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la Narandas na Papammal, ilisema kwamba wakala naweza kumshitaki bosi wake kutaka hesabu, ikiwa vitabu vyote viko kwa bosi na wakala hana njia nyingine ya kujua ujira wake. Ilisema pia kwamba hiyo si haki ya kila siku, ni ya hali ya pekee. Hukumu hiyo haizifungi mahakama zetu, lakini hoja yake ni ya haki: aliyeshika daftari peke yake asilifanye ngao.

Mafundi nao wasijisifu. Wengine hawana hata risiti ya saruji na nondo. Anayetaka hesabu ya mwenzake aje na yake, kwa sababu mahakama itamwuliza.

Kwa hiyo, ndugu zangu, kabla ya kuchimba msingi andikeni mapatano. Semeni fungu la kila mmoja, na kwamba daftari la kodi litaonwa na wote wawili kila mwezi. Wekeni mashahidi. Mkikosana, msikae kimya kwa kuoneana haya: madai ya mkataba kwa kawaida hufa baada ya miaka sita. Wala lugha si kisingizio tena. Kwa miaka mingi hadi juzi sheria nyingi zilisemwa kwa Kiingereza, lakini mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa lugha ya sheria na mahakama. Na asiye na fedha ya wakili anaweza kuomba msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017.

Mwaka ule ule wa 1961 uliotupa sheria hii ndio uliotupa Uhuru. Tulimkataa mkoloni kwa kuwa alivuna jasho letu wala hakutupa hesabu. Itakuwa aibu tukitendeana hayo wenyewe kwa wenyewe, kwa ajili ya vyumba vinne vya duka. Wazee walikwisha sema: mali bila daftari huisha bila habari.

Uhuru na Kazi!