Mgonjwa wa Akili Naye Ana Kiwanja, Apewe na Wakili

Wanachuo wenzangu, kwenye familia nyingi tunazotoka kuna mtu anayeitwa "yule asiye mzima". Chakula anapewa, nguo anafuliwa, akizidiwa anapelekwa hospitali. Ila siku ya kugawa urithi jina lake halisikiki. Eti kiwanja atakifanyia nini? Hapo ndipo ugomvi wangu ulipo.

Ugonjwa wa akili haumvui mtu umiliki. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inataka anayeingia mkataba awe na akili timamu wakati huo anapoufanya. Inakubali pia kwamba mtu ambaye kwa kawaida anaumwa anaweza kufanya mkataba katika vipindi anapokuwa timamu. Kwa hiyo karatasi aliyowekeshwa dole gumba akiwa hajitambui isiwe mtaji wa mtu, na akiwa na nafuu asikilizwe kama mtu mzima mwingine yeyote.

Shauri likifika mahakamani, Amri ya 31 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inataka mtu asiyeweza kulinda maslahi yake kwa sababu ya ugonjwa wa akili awe na wa kumsimamia. Msimamizi huyo asiwe na maslahi yanayogongana na ya mgonjwa. Hata kama mtu hajawahi kutangazwa rasmi kuwa mgonjwa, mahakama inaweza kuchunguza hali yake. Kwenye karatasi, mambo safi.

Sasa tuje kwenye maisha. Tuseme kaka mkubwa ameuza shamba la marehemu baba, fungu la mdogo wake mgonjwa likiwa ndani yake. Mnunuzi ameshaanza kufyatua tofali. Wanaojua vizuri kwamba mdogo anaumwa ni ndugu, na hao hao ndio wamegawana pesa. Nani kati yao atasimama mbele ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya aseme, "Mheshimiwa, kuna mwenzetu tumemruka"? Mgonjwa akija mwenyewe na maneno yakamrukaruka, watu watacheka: chizi huyo. Akikaa kimya, watasema ameridhia.

Ndiyo maana nasema msimamizi peke yake hatoshi. Msimamizi anaweza kuwa shangazi mwenye huruma asiyejua nyaraka gani zipelekwe. Anayejua kuomba ripoti ya daktari, kumhoji shahidi na kupinga mauzo ni wakili. Tena awe wakili wa mgonjwa, asiwe wakili wa ukoo. Tanzania iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu Wenye Ulemavu mwaka 2009, na ibara ya 12 inazungumzia kumpa mtu msaada ili atumie uwezo wake wa kisheria. Kumsaidia mtu aseme ni tofauti kabisa na kumzima usemi ili wewe useme.

Kuna wanaohofu kwamba tukifungua mlango huu, kila aliyeuza kiwanja kwa bei ya hasara atajifanya mgonjwa. Hofu hiyo nailewa, mnunuzi wa kweli naye ana haki. Lakini dawa yake ni uchunguzi wa mapema: daktari aseme, mashahidi waulizwe hali ya mtu ilikuwaje siku ile ya mauzo. Wakili makini husaidia ukweli huo upatikane kabla nyumba haijapanda.

Nini kifanyike? Mabaraza yaulize siku ya kwanza kabisa: kuna mwenye fungu ambaye hayupo hapa, na kwa nini hayupo? Pili, anayedai kitu katika mali hiyo asikubaliwe kumsimamia mgonjwa. Tatu, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria. Wafundishwe kuwatambua wateja hawa na kuwafikisha kwa mawakili wa kujitolea.

Na sisi tunaosoma sheria tuache kudhani msaada wa kisheria ni kukaa kwenye meza na kusubiri foleni. Mteja huyu hatapanga foleni. Wanaosoma udaktari na ustawi wa jamii wanakutana naye wodini, basi tushirikiane nao. Wahenga walisema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Hapa kwetu tumeshamnyonga. Bado hiyo haki.