Injini Kuukuu Nayo ni Mwalimu

Wapo walimu wanaodhani kwamba kushusha injini ya pikipiki nyumbani ni kazi ya fundi peke yake. Sikubaliani nao. Katika injini ya mipigo miwili, pistoni yenyewe hufungua na kuziba matundu ya silinda. Anayeweka ringi mpya sharti alinganishe ncha zake na kipini kilichomo katika kifereji cha pistoni. Akipuuza, ringi yaweza kunaswa tunduni ikavunjika. Hapo ndipo mwanafunzi hutambua kwa nini utaratibu hufuatwa, jambo ambalo mchoro wa ubaoni hauwezi kumthibitishia. Ndugu mwalimu mtarajiwa, tafuta injini mbovu, mwaga petroli yote, uifungue na kuifunga mwenyewe, ndipo uipeleke darasani. Mtoto anayekariri majina ya vipuri asivyovigusa hajafundishwa; ameimbishwa tu.