Mwana Kupona Tuliyemkata Kichwa na Miguu

Si muda mrefu uliopita nilialikwa arusini kwa mtoto wa rafiki yangu, mwalimu mstaafu kama mimi. Ilipofika zamu ya nasaha, mzee mmoja ambaye nilipata kufundisha naye alisimama, akakohoa kidogo kama tulivyozoea kukohoa mbele ya darasa, kisha akamghania bibi arusi beti chache za Utendi wa Mwana Kupona: zile za kumtii mume, za kumpepea alalapo, za kutotoka nje bila ya ruhusa yake. Alipomaliza akasema kwamba huyo ndiye mwanamke wa Kiswahili wa kweli, na kwamba haya mambo ya ufeministi, ya kuchambua vitabu kwa kuuliza mwanamke kawekwa wapi, yameletwa na Wazungu ili yavunje nyumba za watu. Ukumbi mzima ulimpigia makofi. Nami nilipiga, kwa adabu ya arusi. Mke wangu hakupiga.

Namjibu mwenzangu huyo hapa kwa sababu arusini si mahali pa mabishano, na kwa sababu ninayo deni. Maneno yake niliyasema mimi kabla yake, tena mbele ya walimu tarajali ambao baadaye walikwenda kuyasema mbele ya watoto wa nchi nzima.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya 1990, katika chuo cha ualimu nilichokuwa nikikiongoza. Wanachuo wa kike walikuwa wamezoea kuchelewa kurudi bwenini siku za Jumamosi. Wa kiume nao walichelewa, lakini wao hawakunikosesha usingizi, na hilo msomaji alipime mwenyewe. Nilikuwa na karatasi ya stensili yenye beti kama ishirini za Mwana Kupona, niliyorithi kwa mwalimu aliyenitangulia. Nikairudufu, nikaingia darasani, nikaisoma kwa sauti kama anayesoma sheria za chuo.

Nilipofika pale mama anapomwambia bintiye amtunze mume kama mtoto mchanga asiyejua bado kusema, msichana mmoja wa safu ya nyuma alicheka. Nikamsimamisha. Nikamwuliza kinachomchekesha. Akajibu kwa heshima zote, mikono nyuma: "Samahani Mwalimu, nilikuwa najiuliza, huyu mume hapa anatiiwa au analelewa?"

Darasa likaangua kicheko. Sikuwa na jibu, na mkuu wa chuo asiye na jibu ni mtu wa hatari. Nilimpa adhabu ya kufyeka nyasi nyuma ya bweni kwa siku tatu.

Swali lile lilinikaa. Miaka ikapita kabla sijaupata utendi mzima, nikausoma kutoka ubeti wa kwanza hadi wa mwisho, na ndipo nilipoiona kazi ya ile stensili yetu. Tulikuwa tumemkata mama wa watu kichwa na miguu, tukabaki na kiwiliwili tunachokitaka.

Mwana Kupona binti Mshamu aliutunga utendi wake mwaka 1858, huko Lamu, kwa ajili ya bintiye Mwana Hashima. Mumewe alikuwa Bwana Mataka wa Siyu, yule aliyempa taabu kubwa Sayyid Said wa Unguja katika miaka ya 1840. Lakini anapotunga, Bwana Mataka amekwisha fariki dunia. Mtunzi ni mjane. Tena ni mgonjwa, na mwenyewe anaeleza kwamba maradhi yamemshika mwaka mzima. Anamwita bintiye aje na wino na karatasi, akae karibu. Hapo hapana mume anayesimamia kalamu. Pana mama anayekufa na mtoto ambaye karibu atabaki peke yake, na wasia ndio mali pekee anayoweza kumwachia isiyonyang'anywa na ndugu wala jirani. Anaufananisha na kidani cha lulu na marijani cha kumvisha shingoni.

Na wasia wenyewe unaanza wapi? Unaanza kwa dini, kisha adabu, ulimi mwema, namna ya kukaa na watu. Anapotaja wale ambao mwanamke anahitaji radhi zao, wa kwanza ni Mungu, kisha Mtume, kisha baba na mama, na mume anakuja wa tano. Ndiyo, baada ya hapo anaeleza kirefu utii kwa mume, na mwishoni anarudia kuwausia wanawake wengine vivyo hivyo. Sitaki kumdanganya msomaji kwamba hayamo. Lakini anakumbuka pia ndoa yake mwenyewe, walivyoishi kwa kuridhiana hadi kifo kilipowatenga, kisha anaingia katika dua ndefu kwa ajili ya watoto wake na jamaa zake. Katika stensili yetu radhi zile tano hazikuwamo. Dua haikuwamo. Ugonjwa haukuwamo. Hata jina la Mwana Hashima halikuwamo, hivyo aliyeusiwa alikuwa kila msichana aliyechelewa kurudi bwenini.

Sasa nirudi kwa mwenzangu na Wazungu wake. Mwaka 1934 Alice Werner na William Hichens waliuchapisha utendi huu Uingereza pamoja na tafsiri. Waliufanyia hisani, sikatai, maana bila ya watu kama wao hati nyingi za Lamu zingeliwa na mchwa. Lakini katika jina la kitabu walichagua kusema kwamba ni wasia juu ya wajibu wa mke. Sehemu moja ya utendi ikapandishwa ikawa ndiyo utendi. Tangu hapo wasomi wengi waliingia kwa mlango huo, nasi tukawafuata nyuma. Basi yule mwanamke wa Kiswahili wa kweli aliyeghaniwa arusini amepunguzwa na jina la kitabu lililotungwa Uingereza. Kama tunatafuta kilicholetwa na Wazungu, tuanzie hapo.

Na ule uchambuzi unaolaaniwa kuwa wa kigeni? Mwaka 1991 Ann Biersteker, mtaalamu wa Kimarekani, alichapisha makala akitaka utendi huu utazamwe upya kwa upande wa lugha na mamlaka, na kwamba maneno ya utii yasichukuliwe juu juu tu. Mimi sikubaliani na kila anayeona kejeli katika utendi huu. Dua zile si za mtu anayefanya mzaha. Lakini msichana wangu wa safu ya nyuma hakuwa amesikia jina la mtaalamu huyo, wala mimi. Hakuwa na nadharia yoyote. Alikuwa na masikio, na pengine alikuwa na mama. Aliuliza swali la kihakiki kwa Kiswahili safi, na aliyekuwa akimzuia ni Mwafrika mwenye fimbo. Isitoshe, maktabani mwetu zilikuwamo tamthilia za Penina Muhando, Hatia ya mwaka 1972 na Nguzo Mama ya mwaka 1982. Je, huyo naye aliletwa kwa meli?

Kuna jambo jingine ambalo wenzangu wanaopenda kughani beti hizi hawaligusi kabisa. Katika utendi huohuo Mwana Kupona anamwonya bintiye asichanganyikane na watumwa isipokuwa wakati wa kazi. Kama kila neno lake ni sheria ya mila zetu, mbona hili haligahaniwi arusini? Tumekwisha chagua, basi tukubali kwamba tunachagua. Na hapa ndipo uhakiki wa kifeministi, ukifanywa kwa haki, unapotufaa hasa. Virginia Woolf, Mwingereza, aliandika mwaka 1929 kwamba mwanamke anayetaka kutunga anahitaji fedha na chumba chake. Mwana Kupona alikuwa na nyumba, wino na elimu ya kuandika kwa hati za Kiarabu. Lakini nyumba za waungwana wa Lamu ziliendeshwa kwa mikono ya watumwa, na katika hao walikuwamo wanawake, nao walikuwa na watoto wa kuwausia. Wasia wao hatunao.

Kwa upande wa pili sina subira na wahakiki, wa kwetu na wa nje, wanaompima kila mwandishi mwanamke kwa kipimo kimoja cha kuasi. Mariama Bâ wa Senegal alichapisha mwaka 1979 riwaya ambamo mjane Mwislamu, Ramatoulaye, akiwa edani, anamwandikia shoga yake na kusimulia jinsi mumewe alivyooa msichana aliyekuwa rafiki wa binti yao. Ni kitabu kikubwa. Lakini nimesikia watu wakimweka Ramatoulaye upande wa walioamka na Mwana Kupona upande wa waliolala, kana kwamba mjane anayemshukuru mumewe hana akili ya kumtosha. Wote wawili wameshika kalamu baada ya mume kwenda zake, na wote wanasema na mwanamke mwenzao. Mimi ningeanzia kuwasoma hapo.

Mwenzangu wa arusini nimempelekea nakala ya utendi mzima. Bado hajanijibu, na namjua, atakuwa anatafuta kosa la mpiga chapa.

Yule msichana sijui aliko. Alimaliza mafunzo, akapangiwa shule mbali. Katika faili lake, pale panapotakiwa maoni ya mkuu wa chuo juu ya tabia, niliandika kwa mkono wangu kwamba ni mjeuri. Nilitia na mhuri.