Huruma, Shufaa na Kipimo cha Adhabu: Lugha ya Rufani katika Mashtaka ya Shambulio

Katika kesi za jinai kuna dakika chache ambazo wanaisimu wa Kiswahili hawajazipa uzito unaostahili. Ni zile zinazofuata baada ya mshtakiwa kutiwa hatiani na kabla ya adhabu kutamkwa, anapoulizwa kama ana la kusema. Katika mahakama za Tanzania jibu lililozoeleka ni kwamba anaomba mahakama imwonee huruma. Makala haya yanadai kwamba jibu hilo humdhuru yeye mwenyewe anayelitoa, na kwamba dhara lake humwandama hadi kwenye rufani.

Mashtaka ya shambulio yanafaa kuwa mfano kwa sababu nafasi ya hakimu ya kupanga adhabu ni pana. Kanuni ya Adhabu huweka kikomo cha juu tu: miaka 5 kwa shambulio la kudhuru mwili, miaka 7 kwa kusababisha madhara makubwa. Shauri la shambulio likisikilizwa katika mahakama ya mwanzo, kifungo hakiwezi kuzidi miezi 12. Chini ya vikomo hivyo hakimu anapaswa kupima mambo: silaha iliyotumika, ukubwa wa jeraha, uchokozi uliotangulia, umri wa mkosaji, kumbukumbu zake za nyuma, siku alizokaa rumande, fidia aliyokwisha kulipa. Yote hayo yanaweza kutajwa, kuulizwa na kupingwa.

Huruma si ya aina hiyo. Kisemantiki, huruma ni hali ya moyo wa mwenye uwezo. Anayeiomba hana haki nayo, na anayeinyima halazimiki kutoa sababu. Neno shufaa, ambalo nalo husikika mahakamani, lina afadhali kidogo. Asili yake ni uombezi wa mtu kwa ajili ya mwingine, na kwa masikio ya Waislamu bado linabeba maana ya siku ya kiyama. Mfungwa mtarajiwa anayejisemea mwenyewe hafanyi shufaa kwa maana hiyo ya asili. Hata hivyo uombezi hudai maneno. Mwombezi hana budi aseme kwa nini.

Tofauti hii inaweza kuonekana ndogo mpaka shauri lifike kwenye rufani. Kanuni ambayo mahakama zetu zimeifuata kwa muda mrefu, na ambayo hurejeshwa mara kwa mara kwenye shauri la Ogalo mwana wa Owoura lililoamuliwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1954, ni kwamba mahakama ya juu haibadilishi adhabu kwa kuwa tu yenyewe ingalitoa nyingine. Sharti ionekane kwamba hakimu alifuata msingi usio sahihi, au alisahau jambo la maana, au adhabu imezidi mno kwa namna iliyo dhahiri. Sasa tuchukue mfano wa kubuni wa kijana aliyempiga jirani kwa fimbo katika ugomvi wa mpaka wa shamba. Kumbukumbu zikionyesha kwamba aliomba huruma tu, hakimu amesahau nini? Lakini angalikuwa amesema kwamba amekaa rumande siku 40, amelipa gharama za hospitali, hajawahi kushtakiwa, na jirani ndiye aliyeanza kung'oa alama za mpaka, mrufani angekuwa na mambo manne ya kushika mkononi. Uzito huzidi kwa aliyekiri kosa, kwani sheria humfungia mlango wa kukata rufani dhidi ya kutiwa hatiani na kumwachia ule wa adhabu. Tena mlango huo si salama: Mahakama Kuu, katika rufani dhidi ya adhabu, ina uwezo wa kupunguza na pia wa kuongeza.

Yapo maoni kwamba tatizo lilikuwa Kiingereza. Ni kweli kwamba mahakama ya mwanzo imekuwa ikitumia Kiswahili, ilhali ngazi za juu ziliandika kumbukumbu kwa Kiingereza maneno yaliyotamkwa kwa Kiswahili, na katika safari hiyo maelezo marefu yaliweza kusinyaa yakawa sentensi moja ya kuomba nafuu. Sheria ya mwaka 2021 ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Hilo ni jambo la kushangiliwa, ila kubadili lugha si kubadili fomula. Ombi tupu la huruma likiandikwa kwa Kiswahili fasaha hubaki tupu.

Pingamizi zito zaidi linatoka upande wa aliyepigwa. Je, kumfundisha mkosaji kujenga hoja si kumpa mpiga mke punguzo la adhabu? Jibu ni kwamba msamiati wa huruma ndio unaomsahau aliyepigwa, kwa kuwa humtazama mwombaji peke yake. Hoja huweza kujibiwa kwa fomu ya PF3 na kwa maelezo ya daktari, machozi hayajibiwi. Ushahidi mzuri ni kauli «tumeyamaliza nyumbani». Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inaruhusu mahakama kuhimiza suluhu katika shambulio la kawaida, kwa hiyo kauli hiyo si ya bure. Lakini kiambishi tu- humweka mpigaji na mpigwaji katika nafsi moja, na msemaji mara nyingi ni mpigaji. Kisarufi mke yumo ndani ya tu-. Kama alikubali, sarufi haisemi. Kitenzi nacho hakitaji aliyelipa wala kilicholipwa.

Kwa hiyo kinachofaa kurekebishwa kwanza ni swali lenyewe. Badala ya «una lolote la kusema?», aliyetiwa hatiani aulizwe ni mambo gani anataka mahakama iyapime katika kupanga adhabu, na kila analolitaja liandikwe kama alivyolitamka. Kisha aliyepigwa aulizwe swali hilohilo, kwa nafsi ya pili umoja.