Eva Herman na Kiti cha Taarifa ya Habari

Wapo wanaomtaja Eva Herman kuwa mhanga wa uhuru wa kusema. Siafikiani nao. Lakini waliomtoa studio nao siwapigii makofi.

Tuanze na kiti chenyewe. Tagesschau ni taarifa ya habari ya saa mbili usiku ya ARD, televisheni ya umma ya Ujerumani. Mwanamke wa kwanza kuisoma, Dagmar Berghoff, alikikalia kiti hicho mwaka 1976. Wakati huo sheria ya ndoa ya Ujerumani Magharibi bado ilimruhusu mke kuajiriwa kwa sharti kwamba kazi isigongane na wajibu wake wa nyumbani. Sharti hilo liliondoka mwaka 1977. Herman alisoma taarifa hiyo kwa zaidi ya miaka kumi na mitano, hadi 2006. Mwaka huohuo akachapisha Das Eva-Prinzip, kitabu kinachowaambia wanawake kwamba mbio za kazi zimewapotosha. Mtumbwi uliomvusha, akashauri upasuliwe kuni.

Hayo yalikuwa maoni, na alikuwa na haki nayo. Tena aligusa jeraha la kweli: kina mama wengi walichoka, na nafasi za kulelea watoto wachanga zilikuwa haba mno upande wa magharibi. Septemba 2007 akavuka mpaka. Akizindua kitabu kingine, aliusifu uthamini wa mama na familia katika zama za Wanazi, ingawa utawala wenyewe aliulaani. Shirika la NDR likaachana naye. Alidai amenukuliwa vibaya. Mwaka 2011 Mahakama Kuu ya Shirikisho ilimkatalia.

Uthamini gani huo? Mwaka 1933 maharusi walipewa mkopo wa hadi Reichsmark 1,000, kwa sharti bibi harusi aache kazi. Kila mtoto aliyezaliwa alifuta robo ya deni. Mwaka uleule ilipitishwa sheria ya kuwafunga kizazi kwa nguvu walioitwa wenye kasoro za kurithi, na watu wapatao 400,000 wakafanyiwa hivyo. Nishani ya mama mzazi haikumhusu mama Myahudi. Serikali ileile iliamua nani azae na nani asizae. Huwezi kuchagua nusu ya kwanza ukasema ya pili huijui.

Maneno haya yalipaswa kusemwa tarehe 9 Oktoba 2007, katika kipindi cha Johannes B. Kerner huko ZDF. Mwanahistoria Wolfgang Wippermann alikuwapo studio. Angeachiwa saa nzima! Badala yake Herman alipofika kwenye barabara kuu zilizojengwa enzi hizo, mwenyeji akamwomba aondoke. Kesho yake mjadala ukawa juu ya mlango aliotokea, mkopo wa 1933 ukasahaulika.

Baadaye aliandikia shirika la uchapishaji la Kopp. Julai 2010, watu 21 walipokufa katika msongamano wa tamasha la Loveparade mjini Duisburg, aliandika kana kwamba mbingu zimeingilia kati. Safari hiyo hapakuwa na mtu aliyeketi mbele yake wa kumuuliza.