Msitupe Filamu, Tupeni Nauli

Huku West Nile, mtu akitaka kuwatia moyo vijana wa makazi ya wakimbizi, kuna hadithi moja haikosi: ya Phiona Mutesi wa Katwe. Inaletwa na projekta na jenereta, watoto wanakaa chini, filamu inaonyeshwa, halafu mtu mwenye fulana ya shirika anasimama: "Mmeona? Hata ninyi mnaweza kuwa magrandimasta!" Makofi. Mimi ni mfanyakazi wa vijana kati ya Arua na Koboko, na maneno hayo nimeyasikia mara nyingi mno. Leo nayapinga.

Kwanza, Phiona si grandimasta. Simsemi vibaya. Namheshimu, ndiyo maana nataka tumtaje kwa ukweli. Alijifunza chesi Katwe kwa Robert Katende, na kilichomvuta mwanzoni ni uji uliokuwa ukigawiwa pale. Mwaka 2009 alipanda ndege kwenda Juba, ndiyo, Juba hiyohiyo ambayo majirani zetu wengi wameikimbia, na watoto wa Uganda wakarudi na ushindi. Mwaka 2010 akacheza Olimpiadi kule Khanty-Mansiysk, Urusi. Mwaka 2012, Istanbul, akapata cheo cha Kandideti Masta wa Wanawake. Ni cheo cha kweli kabisa, lakini katika vyeo vya wanawake ndiyo ngazi ya chini. Juu yake bado kuna ngazi nyingi.

Sasa grandimasta ni nani? Shirikisho la chesi la dunia, FIDE, linataka vitu viwili. Ufikishe pointi 2500. Na upate matokeo makubwa matatu, wachezaji wanayaita nomu, yenye jumla ya michezo isiyopungua 27. Katika kila nomu ucheze na magrandimasta wasiopungua watatu na wapinzani wa nchi mbalimbali, tena uwe na kiwango cha pointi 2600.

Basi hesabu na mimi. Uganda ina Masta wa Kimataifa, watu kama Elijah Emojong na Arthur Ssegwanyi. Grandimasta hata mmoja haina. Kijana wa Lobule, hapa Koboko, atakutana wapi na magrandimasta watatu? Hata mashindano ya kuanzia tu kuhesabiwa pointi, mengi yako Kampala, zaidi ya kilomita 500. Na msimwambie atumie simu. Simu inafundisha, tena kuna mitandao ya bure kama Lichess, lakini cheo cha grandimasta hakitoki kwenye simu. Kinatoka mezani, ana kwa ana, mtu na mpinzani wake.

Waliofika walifikaje? Amon Simutowe, mzaliwa wa Ndola, Zambia, ndiye grandimasta wa kwanza wa Afrika kusini mwa Sahara. Cheo alikipata 2009. Nomu yake ya mwisho hakuipatia Ndola wala Lusaka, aliipatia Uholanzi mwaka 2007. Kenny Solomon wa Mitchells Plain, Cape Town, alishinda ubingwa wa Afrika kule Windhoek, Desemba 2014, akapewa cheo. Kipaji walikuwa nacho, hakuna ubishi. Lakini kila mmoja alivuka mpaka akiwa na pasipoti mfukoni, na kuna mtu alilipa gharama.

Wapo watakaosema, "Hao si wakimbizi." Haya, tuje kwa wakimbizi. Miguel Najdorf alitoka Poland kwenda Buenos Aires kuchezea nchi yake kwenye Olimpiadi ya 1939. Vita vikaanza akiwa huko. Hakurudi. Familia aliyoiacha nyumbani iliangamizwa na Wanazi. Argentina ikampa uraia, na mwaka 1950, FIDE ilipotoa vyeo rasmi vya grandimasta kwa mara ya kwanza kwa watu 27, jina lake lilikuwemo. Kwa hiyo mkimbizi yuko kwenye orodha ya grandimasta tangu siku ya kwanza! Lakini alipewa makaratasi. Hakupewa filamu.

Na juzi tu, Machi 2019, Tanitoluwa Adewumi, mtoto wa miaka 8 ambaye familia yake ilikimbia Nigeria kwa kuwaogopa Boko Haram, alishinda ubingwa wa umri wake katika jimbo la New York. Walikuwa wanaishi kwenye makazi ya watu wasio na nyumba. Nini kilitangulia ushindi huo? Klabu ya chesi ya shuleni kwake ilimsamehe ada. Basi. Hakuna aliyemhutubia kuhusu ndoto.

Najua jibu la ofisini: "Mgao wa chakula umepunguzwa, na wewe unadai chesi?" Ndugu zangu, sigusi chakula cha mtu. Katende mwenyewe hakutenganisha ubao na uji. Nazungumzia pesa ambayo tayari inatumika: bango, fulana, soda za wageni, gari la kuwaleta na kuwarudisha. Nimeona mahali mbao za chesi zinatolewa stoo wageni wakija, wageni wakiondoka zinarudi stoo na kufuli. Watoto wanabaki wanachezea vizibo vya soda kwenye karatasi. Hiyo si chesi, ni picha ya ripoti.

Tunataka vitu vitatu. Moja, ligi ya mwaka mzima: Lobule, Rhino Camp, Imvepi na shule za Arua, wenyeji na wakimbizi pamoja, mbao zikae kwa watoto na si stoo. Mbili, nauli na ada ya mashindano ya Kampala kwa watakaoshinda ligi hiyo, hata wawe wanne tu kwa mwaka. Tatu, msaada wa kufuatilia hati ya kusafiria ya mkimbizi. Haki hiyo imo katika Mkataba wa Geneva wa 1951, na Sheria ya Wakimbizi ya Uganda ya 2006 inaitambua. Mtoto akishinda leo, hati isianze kutafutwa kesho.

Haya si maajabu. Kakuma, kule Kenya, FIDE na UNHCR walianzisha mradi wa chesi mwaka 2021. Budapest, mwaka 2024, timu ya wakimbizi ilikaa mezani kwenye Olimpiadi kama timu nyingine. Mlango upo. Sisi huku tunaonyeshwa picha ya mlango.

Nanyi wazazi, mama zangu na baba zangu, mtoto akiinamia ubao saa mbili msimwite mvivu. Pengine hatakuwa grandimasta. Wengi hawawi, hata kwa matajiri. Lakini ashindwe na mpinzani aliyeketi mbele yake, asishindwe na tiketi ya basi.

Mashirika, bajeti ya mwaka ujao inaandikwa. Mtakapofika mstari wa "kuhamasisha vijana", futeni projekta. Andikeni: Koboko–Kampala, kwenda na kurudi, watu wanne.