Ukweli Ulichapwa 1999, Vigogo Wakaziba Masikio!

Vijana wenzangu, Mjapani ametuteka kwa katuni na michezo yake ya video. Lakini mmewahi kujiuliza huko kwao biashara ya burudani inaendeshwaje?

Mchukueni marehemu Johnny Kitagawa. Mwaka 1962 alianzisha Tokyo kampuni ya kulea wavulana waimbaji, ikatoa makundi kama SMAP na Arashi. Stesheni ya televisheni ikimuudhi mzee, inahofia kunyimwa nyota. Nani athubutu kukohoa?

Lilikohoa jarida la kila wiki, Shukan Bunshun. Mwishoni mwa 1999 lilianza kuandika kwamba mzee anawanajisi wavulana anaowalea. Akalishitaki, na 2002 akashinda. Lakini 2003 mahakama ya rufani ya Tokyo ikatamka kwamba hilo la wavulana ni kweli. Jarida liliendelea kudaiwa fidia, iliyopunguzwa, kwa mambo mengine ambayo halikuyathibitisha. Tusifiche.

Haya, mahakama imesema! Ungetegemea kesho yake vichwa vya habari vya wino mzito na polisi mlangoni. Wapi! Magazeti makubwa yakagusa juujuu, televisheni zikauchuna, wazazi wakaendelea kupeleka watoto. Mzee akafa Julai 2019 akiwa na miaka 87, hajawahi kushitakiwa kwa uchafu huo. Walipomuaga Tokyo Dome, zikasomwa rambirambi za Waziri Mkuu Shinzo Abe.

Mpaka Mwingereza aje! Machi 2023 BBC ikaonyesha filamu yake, waathirika wakajitokeza hadharani, na Septemba kampuni ikakiri. Mpwa wake aliyerithi kiti akajiuzulu, hata jina la kampuni likafutwa. Jopo la wachunguzi lilikadiria walioumizwa ni mamia, tangu miaka ya 1970, na likasema kimya cha vyombo vya habari kilichangia.

Kuna wakubwa hapa wanaopenda kutuita sisi wa magazeti ya wiki wambea na wachochezi. Tokyo mmbea ndiye aliyesema kweli, na waheshimiwa wenye mitambo mikubwa ndio waliofunika kombe ili matangazo yapite.

Kitagawa yuko kaburini, hahojiwi. Lakini kijana aliyeingizwa kwenye kampuni ile 2004, hukumu ikiwa imekwisha kutoka, alikosewa na mzee peke yake?